Afrique-sur-Seine: Waafrika walipoirekodi Paris

Wadau, huku Buhigwe Kifaransa tunakisikia kwa ndugu zetu wa Burundi wanaovukia Manyovu, ila Ufaransa yenyewe wengi tunaijua kwa mpira tu. Basi itafuteni Afrique-sur-Seine, filamu ya mwaka 1955, dakika kama 21 hivi, haina rangi. Waliitengeneza Paulin Soumanou Vieyra, mzaliwa wa Porto-Novo, Benin ya leo, aliyesomea filamu hukohuko Paris, pamoja na Mamadou Sarr na wenzao.

Inaonyesha maisha ya kawaida tu: mitaa, migahawa, wanafunzi weusi na weupe, Mto Seine.

Lakini wao walitaka kurekodi Afrika! Wakanyimwa kibali. Amri ya Laval ya mwaka 1934 ilisema kurekodi filamu kwenye makoloni ya Ufaransa lazima upate ruhusa ya serikali. Yaani umesomea kamera halafu kwenu huruhusiwi kuiwasha. Ndo wakawageuzia kamera wenye mji.

Mimi na form four yangu, maneno ya msimulizi yananipita. Akitokea Mrundi hapa cafe nitamwomba anitafsirie.