Kijana aliyempinga Mwalimu kwa hoja

Kila tunapozungumzia Ujamaa hewani, wapo wasikilizaji wanaotuuliza: hivi wakati ule kulikuwa na mtu aliyethubutu kumpinga Mwalimu Nyerere? Walikuwapo. Mmoja wao ni Issa Shivji, mzaliwa wa Kilosa aliyesomea sheria Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Alikuwa na miaka 24 tu.

Mwalimu alikuwa ameeleza fikra zake mwaka 1962 katika kijitabu kuhusu Ujamaa. Jamii ya Kiafrika ya zamani, alisema, iliishi kama familia moja. Kila mtu alifanya kazi, ardhi haikuuzwa, na hakukuwa na matabaka ya wenye mali na wasio nayo. Kwa hiyo Mwafrika hakuhitaji vita vya matabaka ili kuufikia ujamaa. Mwaka 1967 likaja Azimio la Arusha, na mabenki yakataifishwa.

Shivji, aliyekuwa akimsoma Marx, hakukubali. Mwaka 1970 insha yake ndefu ilitoka katika jarida la wanafunzi lililoitwa Cheche. Matabaka yapo, aliandika, na mvutano wake unaendelea kimyakimya. Kutaifisha peke yake hakutoshi: mashirika ya umma yalikuwa yakiingia ubia na kampuni za nje, na faida ikaendelea kutoka nchini. Katika kitabu chake cha 1976 alikwenda mbali zaidi, akasema wakubwa wa serikali na wa mashirika hayo wenyewe wamekuwa tabaka linalotawala.

Cheche lilipigwa marufuku Novemba 1970. Wanafunzi wakaanzisha jingine, MajiMaji.

Huku kwetu Nyanda za Juu Kusini jambo hili halikuwa la vitabuni tu. Ismani, kaskazini ya mji wa Iringa, wakulima wachache wa mahindi walikuwa na mashamba makubwa na matrekta, na wengine waliwalimia kwa ujira. Mbozi, iliyokuwa Mkoa wa Mbeya wakati huo, kahawa nayo ilichumwa na vibarua. Serikali ilipokuwa ikianzisha vijiji vya ujamaa Ismani, Mkuu wa Mkoa wa Iringa, Dk. Wilbert Klerruu, aliuawa kwa risasi na mkulima Said Mwamwindi, tarehe 25 Desemba 1971. Mwamwindi alinyongwa.

Hatusemi kifo kile kilimpa Shivji ushindi. Ugomvi wa watu wawili shambani una mambo yake. Tena Mwalimu mwenyewe alikuwa ameonya mwaka 1967 kwamba mkulima anayeajiri wenzake ataligawa taifa. Walichotofautiana ni chanzo: kwa Mwalimu hilo lilikuwa jambo geni lililoanza kuingia, kwa Shivji lilikuwa limekwisha kuota mizizi, hadi maofisini.

Mwaka 2008 Shivji alikuwa wa kwanza kukalia Kigoda cha Mwalimu Nyerere pale Chuo Kikuu. Mwaka 2020, yeye na wenzake wawili walitoa wasifu wa Mwalimu, juzuu tatu.