Ada ya Mtoto wa Keya: Askari na Elimu katika Nyanda za Juu Kusini

Anayesafiri kwa basi kutoka Iringa kwenda Mbeya hupita Ifunda kabla hajafika Mafinga. Wengi wanaijua Ifunda kwa shule yake ya sekondari ya ufundi, basi. Wachache wanakumbuka kwamba miaka ya 1940 hapo palikuwa na kambi ya wakimbizi wa Poland, familia zilizohamishwa kwa nguvu na Wasovieti, zikapita Iran na kuvuka bahari hadi Tanganyika. Walipoondoka, serikali ya kikoloni ilifungua shule ya ufundi mahali hapo mwaka 1951. Vijana wakaja kujifunza useremala, uashi na ufundi wa magari.

Shule hiyo ina chimbuko la kijeshi. Kabla ya Ifunda kulikuwa na kituo cha Mgulani, Dar es Salaam, kilichofundisha ufundi askari Waafrika waliorudi kutoka Vita Kuu ya Pili. Randa, mwiko wa mwashi na spana ndivyo vilivyokuwa shukrani ya dola kwa baadhi ya waliopigana. Elimu ya juu haikuwamo, wala ada za watoto wao.

Wakati huohuo, upande wa pili wa dunia, mwenzao wa vita ileile alikuwa akipewa kitu kingine. Tarehe 22 Juni 1944 Rais Franklin Roosevelt wa Marekani alitia saini sheria inayojulikana kama GI Bill, iliyomlipia askari aliyerudi ada ya chuo pamoja na posho ya kujikimu. Hadi mwaka 1956 wastaafu wa vita wapatao milioni 7.8 walikuwa wamesoma au kupata mafunzo kwa sheria hiyo, ingawa Wamarekani weusi wengi walifungiwa milango na ubaguzi. Majimbo nayo yaliongeza fungu lao. Texas ina sheria ya Hazlewood, inayomsamehe askari wake ada ya vyuo vya umma hadi saa 150 za masomo, na tangu mwaka 2009 askari ambaye hakuzitumia anaweza kumrithisha mtoto wake. Huko cheti cha kuachishwa jeshi kinawekwa mezani kwa mhasibu wa chuo, na ada inafutwa.

Askari wa Tanganyika hawakuwa wachache. Zaidi ya 80,000 waliingia jeshini kati ya mwaka 1939 na 1945, wengi katika King's African Rifles, jeshi ambalo Waswahili walifupisha jina lake wakaliita Keya. Walipigana Uhabeshi dhidi ya Waitaliano, Madagaska mwaka 1942, kisha misitu ya Burma. Wahehe walipendwa na maofisa waandikishaji, waliowaona kuwa kabila la vita kwa sababu ya kumbukumbu ya Lugalo, ambako tarehe 17 Agosti 1891 jeshi la Mkwawa liliangamiza kikosi cha Mjerumani Zelewski. Sifa hiyo iliwagharimu vijana wa Uhehe, kwa kuwa mkoloni mmoja alitumia ushindi wao juu ya mkoloni mwingine kuwa sababu ya kuwapeleka vitani.

Jeshini walisoma. Jambo hili husahaulika. Wengi waliojiandikisha bila kujua herufi walirudi wakisoma Kiswahili, wakiendesha malori na kupokea simu za upepo. Yalikuwapo magazeti ya Kiswahili yaliyochapishwa kwa ajili yao, Askari na Heshima, na barua zao zilifika vijijini ambako msomaji alikuwa mwalimu wa misheni peke yake. Askari aliyerudi alikuwa ameonja faida ya kalamu, na alimtakia mtoto wake zaidi ya alichopata yeye.

Shule ziliwangoja? Malangali, kusini mwa Mafinga, ilikuwa na shule ya serikali tangu mwaka 1928, karibu na uwanja ambako majeshi ya Waingereza na Wajerumani yalipigana Julai 1916. Kusudi la mwanzo la shule hiyo lilikuwa kuwalea watoto wa machifu. Mpagazi aliyebeba mizigo ya Vita Kuu ya Kwanza hakuwa na njia ya kumwingiza mwanawe kwa haki ya jasho lake. Na wapagazi walikufa kwa wingi wa kutisha: wanahistoria wanakadiria kwamba zaidi ya 90,000 walipoteza maisha upande wa Waingereza pekee katika kampeni ya Afrika Mashariki. Iringa mjini yapo makaburi ya vita yanayotunzwa kwa unadhifu na Jumuiya ya Madola. Majina ya wapagazi walio wengi hayakuandikwa popote.

Linganisha na waliopendelewa. Kenya, askari wazungu wa vita ya kwanza waligawiwa ardhi kwa mpango wa mwaka 1919. Iringa, katika miaka ya 1950, ilijengwa shule ya bweni ya St Michael's and St George's kwa ajili ya watoto wa Kizungu. Shule hiyo ndiyo iliyokuja kuwa Mkwawa, na tangu mwaka 2005 ni Chuo Kikuu Kishiriki cha Elimu Mkwawa. Kutoka hapo hadi Ifunda ni safari ya saa moja hivi kwa gari. Ndani ya saa hiyo moja inaonekana wazi nani dola ilimtaka awe fundi, na nani ilimtaka awe bwana.

Uhuru ulileta jibu tofauti na la GI Bill. Serikali ya Tanganyika haikutafuta kundi la kulisamehe ada. Mwaka 1964 iliondoa ada za sekondari kwa wote. Mtoto wa askari, wa mkulima wa Rungwe na wa karani wa Mbeya wakaketi dawati moja. Uamuzi huo ulikuwa mkubwa kuliko GI Bill kwa usawa wake, hata kama viti vilikuwa vichache.

Ila ulikuja na upande wa pili. Marekani, kijana alitumikia jeshi kwanza, ndipo dola ikamsomesha. Tanzania iligeuza mambo: dola ilimsomesha kijana, kisha ikamdai utumishi. Mwaka 1966 serikali ilipotaka wahitimu wapite Jeshi la Kujenga Taifa na kukatwa sehemu ya mshahara, wanafunzi wa chuo kikuu waliandamana tarehe 22 Oktoba. Mwalimu Nyerere aliwafukuza karibu 400, na siku hiyohiyo akatangaza kupunguza mshahara wake mwenyewe. Mpango ukaendelea. Vizazi vya wahitimu vikapita makambini, Mafinga ikiwa mojawapo, wakakimbia mchakamchaka katika baridi ya Mufindi na kulima kabla ya kushika kazi za ofisi. Azimio la Musoma la mwaka 1974 liliongeza kwamba njia ya chuo kikuu ipitie kazini kwanza. Kwa fikra hiyo elimu ilikuwa mkopo wa taifa zima, na jembe na bunduki ndiyo marejesho.

Fikra hiyo ilisimama imara mradi elimu ilikuwa bure.

Mwishoni mwa Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin wa Uganda yalivamia Kagera. Jeshi la Wananchi lilipanuka haraka kwa kuongezewa mgambo na polisi, likavuka mpaka, na Kampala ikaanguka tarehe 11 Aprili 1979. Mamia ya askari wa Tanzania hawakurudi. Wengi wamelala Kaboya, mkoani Kagera. Gharama za vita hiyo, pamoja na bei ya mafuta na kushuka kwa bei za mazao, zilichangia kuvunja uchumi, na katikati ya miaka ya 1980 ada za sekondari zilirejea.

Hapa ndipo hesabu inapouma. Mtoto aliyezaliwa mwaka 1979, baba yake akiwa Uganda, alifikia kidato cha kwanza mwanzoni mwa miaka ya 1990, ada zikiwa zimekwisha kurudi. Kama alifika chuo kikuu, alikuta sera ya uchangiaji gharama. Bodi ya Mikopo ya Elimu ya Juu ilikuwa bado haijazaliwa. Sheria yake ni ya mwaka 2004, na kazi ilianza Julai 2005. Baba alikuwa ametimiza upande wake wa mkataba wa taifa. Mtoto ndiye aliyekuta mkataba umebadilishwa.

Tangu Januari 2016 elimu haina ada hadi kidato cha nne, na mwaka 2022 kidato cha tano na cha sita vikaongezwa. Kwa ngazi hizo, mtoto wa mstaafu hahitaji upendeleo, na ni vizuri hivyo. Swali limebaki chuoni. Mbeya kuna Chuo Kikuu cha Sayansi na Teknolojia. Iringa kuna Mkwawa, Ruaha na Chuo Kikuu cha Iringa, na vyote hudai ada. Bodi hupima uhitaji kwa vigezo kama uyatima, ulemavu wa mwombaji au mzazi, na kaya kuwa chini ya TASAF, mfuko wa kusaidia kaya maskini. Vigezo hivyo ni vya haki. Yatima wa askari anaweza kupita humo, lakini anapita kama yatima na kama maskini. Utumishi wa baba yake hauna kisanduku chake kwenye fomu.

Makala haya hayaombi Hazlewood ya Tanzania. Nchi iliyokataa kuwatenga watoto madarasani mwaka 1964 ilikataa jambo sahihi, na jeshi lisigeuzwe tabaka. Yanayoombwa ni madogo zaidi. Wizara ya Elimu, Wizara ya Ulinzi na Bodi ya Mikopo ziongeze swali moja kwenye fomu ya maombi: je, mzazi wako alifariki au aliumia akilitumikia jeshi? Na jibu likiwa ndiyo, mwanafunzi huyo apewe asilimia mia ya mkopo bila kulazimika kwanza kuthibitisha ufukara wake.