Kitu shikizi: Winnicott na maneno ya nyumbani

Freud, baba wa uchanganuzi wa nafsi, aliandika kwa Kijerumani cha kila siku. Sehemu moja ya nafsi aliiita Ich, yaani mimi tu. Waingereza walipomfasiri, wakayavika maneno yake joho la Kilatini: ego, id. Joan Riviere alilitumia joho hilo katika tafsiri yake ya mwaka 1927, na James Strachey akaliendeleza katika juzuu 24 za kazi za Freud. Kichekesho ni kwamba wote wawili walikuwa wachanganuzi wa nafsi, na kwa zamu walimchanganua Donald Winnicott, mchanganuzi mwenzao aliyekuja kuandika kama vile hajawahi kukisikia Kilatini.

Winnicott alizaliwa Plymouth mwaka 1896, akatibu watoto katika hospitali ya Paddington Green, London, kwa takriban miaka 40. Nadhani lugha yake aliitoa kwa akina mama waliopanga foleni pale na vichanga mikononi. Hao hao alizungumza nao kupitia redio ya BBC, bila makeke.

Istilahi yake maarufu kuliko zote inamhusu mama: good-enough mother. Ukiifasiri "mama bora" umeiua, maana Winnicott aliukataa ubora huo. Mama anayemzungumzia huanza kwa kumtimizia mtoto karibu kila haja, kisha humpunguzia kidogo kidogo, kadiri mtoto anavyoweza kustahimili. "Mama wa kiasi" anasikika kama mzembe. Mimi nasema "mama anayetosha". Kutosha hakudai sifa, wala hakuombi radhi.

Istilahi iliyo ngumu zaidi kuifasiri ni transitional object, aliyoitoa mwaka 1951, kuhusu kile kitu ambacho mtoto haachani nacho: pembe ya blanketi, kwetu pengine pindo la kanga. Hukinyonya, hukiburuta, hakilali bila yeye wala yeye bila hicho. Winnicott aliona kuwa wazazi wenyewe hukiacha kichafuke na kinuke, kwani kukifua ni kumkatia mtoto uzi wa mambo. Hakuna anayemuuliza mtoto kama alikiokota au alikibuni. Siku zikipita, hakiombolezwi wala hakisahauliki. Huishiwa maana tu.

Wapo watakaokiita "kifaa cha mpito". Mpito kwetu una harufu ya siasa: serikali ya mpito, kipindi cha mpito. Na kifaa ni nyundo. Neno lingine lipo: Tanzania tunazo shule shikizi, madarasa ya jirani ambako wadogo husoma hadi miguu yao iweze safari ya shule mama. Hapo maana yote ya Winnicott imekaa: karibu na nyumbani, ya muda, na ya kweli kabisa.

Basi atakayefasiri Playing and Reality, kitabu kilichotoka mwaka 1971, mwaka aliofariki mwandishi wake, naomba aandike "kitu shikizi". Mpito awaachie wanasiasa.