Mkalimani katika huduma za umma na mipaka ya kazi yake

MTOTO aliyedhulumiwa kingono anapofikishwa mbele ya mahakama nchini Kenya, ni nadra atumie maneno ya watu wazima. Husema, "Alinifanyia tabia mbaya." Karani aliye karibu na hakimu huyageuza maneno hayo kuwa Kiingereza, hakimu huandika, na kesi husonga mbele. Miaka kadhaa baadaye rufaa inaposikizwa, wakili wa mfungwa husimama na kuuliza: Tabia mbaya ni nini hasa? Ni matusi? Ni kuguswa? Au ni kile kitendo cha kuingiliwa ambacho Sheria ya Makosa ya Ngono ya mwaka 2006 inataka kithibitishwe kabla ya mtu kupatikana na hatia ya unajisi?

Swali hilo limefika katika mahakama za rufaa si mara moja. Mwaka 2017, majaji wa Mahakama ya Rufaa walikiri kwamba watoto, kwa haya na kwa mshtuko wa yaliyowapata, hutumia mafumbo ya namna hiyo, na kwamba mahakama za nchi hii kwa jumla zimeyakubali kuwa maelezo ya kitendo chenyewe. Hata hivyo, kabla ya majaji kulipima neno, kuna mtu aliyelishika kwanza. Mtu huyo ni mkalimani.

Hapo ndipo maadili yake yanapotiwa kwenye mizani. Karani naye ni mzazi. Anajua vyema mtoto anamaanisha nini, na angeweza kulitia neno la kisheria mahali pa fumbo akidhani anamsaidia. Lakini akifanya hivyo, ushahidi umekuwa wake, si wa mtoto; na upande wa utetezi ukigundua kwamba lililoandikwa silo lililotamkwa, kesi nzima yaweza kuporomoka. Kwa upande mwingine, akiligeuza neno kwa neno kana kwamba mtoto alilalamikia utovu wa adabu, atakuwa ameiacha maana njiani.

Njia iliyo sahihi ni kuyafikisha maneno yalivyo, kuiarifu mahakama waziwazi kwamba msemo huo katika Kiswahili cha Kenya hutumiwa kwa staha kutajia tendo la ngono, kisha kunyamaza. Swali la pili ni la kiongozi wa mashtaka au la hakimu. Katiba yenyewe, katika Kifungu cha 50(7), inairuhusu mahakama kumkubali mtu wa kumsaidia mlalamishi au mshtakiwa kuwasiliana nayo. Msaidizi huyo ana kazi yake na mkalimani ana yake, na haifai mmoja avae kofia mbili.

Tatizo hili lilijitokeza pia Arusha, Tanzania, katika mahakama ya kimataifa iliyoshughulikia mauaji ya kimbari ya Rwanda. Katika kesi ya Jean-Paul Akayesu, aliyekuwa meya wa Taba, mashahidi walitumia maneno manne ya Kinyarwanda: gusambanya, kurungora, kuryamana na gufata ku ngufu. Wakalimani waliyageuza yote kuwa ubakaji. Majaji hawakuridhika kuliacha jambo hilo hivyo hivyo. Waliwataka wakalimani rasmi wa kesi wafafanue kila neno, na maelezo hayo yakaingizwa katika hukumu iliyotolewa Septemba 2, 1998. Msemaji wa Kiswahili huona upesi kwa nini walishughulika: kuryamana ni kulala pamoja tu, ilhali gufata ku ngufu ni kushika kwa nguvu. Umbali ulio kati ya maneno hayo mawili ndio umbali ulio kati ya ridhaa na jinai.

Mahakama hiyo ilimsikiza pia mtaalamu wa isimu, Dkt Mathias Ruzindana, kuhusu maneno kama inyenzi, yaani mende, na jinsi maana yake ilivyobadilika kulingana na wakati na msemaji. Lililo muhimu hapa ni kwamba mkalimani hakuachiwa aamue peke yake na kimyakimya. Alitakiwa auweke utata mezani, wenye mamlaka ya kuamua wauone.

Sheria inasemaje

Nchini Kenya haki ya kukalimaniwa si hisani. Kifungu cha 50(2)(m) cha Katiba ya mwaka 2010 kinampa mshtakiwa asiyeelewa lugha ya kesi mkalimani bila malipo, na Kifungu cha 49 kinataka aliyekamatwa aelezwe sababu mara moja kwa lugha anayoielewa. Katiba ya zamani nayo ilikuwa na haki ya mkalimani. Sheria ya utaratibu wa kesi za jinai inaagiza ushahidi ufasiriwe katika mahakama ya wazi, na inaitambua lugha ya Mahakama Kuu kuwa Kiingereza, huku mahakama za chini zikitumia Kiingereza au Kiswahili. Aidha, mkalimani aliyeapishwa ambaye kwa kusudi anasema uongo kuhusu jambo la msingi katika kesi huhesabiwa kuwa na kosa sawa na la shahidi mwongo.

Mahali pa hatari zaidi ni pale mshtakiwa anaposomewa mashtaka. Katika kesi ya Adan dhidi ya Jamhuri ya mwaka 1973, Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki iliweka utaratibu ambao mahakimu wanaufuata hadi leo: shtaka na viungo vyake vyote lazima vielezwe kwa lugha ya mshtakiwa au anayoielewa, na jibu lake liandikwe, kadiri iwezekanavyo, kwa maneno yake mwenyewe.

Tuseme mshtakiwa anajibu kwa lugha ya mama, "Ni kweli nilimpiga, lakini yeye ndiye aliyeanza kunivamia kwa panga." Karani mwenye haraka, aliye na kesi nyingine nyingi za kutajwa asubuhi hiyo, husikia "ni kweli" na kupeleka hayo tu. Neno "lakini" limekatwa, na pamoja nalo umekatwa utetezi wa kujilinda. Mtu hufungwa kwa kukiri kosa ambalo hakulikiri.

Kiswahili chenyewe kina mitego yake. "Alinikata mkono" yaweza kuwa jeraha la kidole, jeraha la juu ya kiwiko, au mkono kutenganishwa na mwili kabisa, kwa kuwa neno mkono hutumika tangu begani hadi kwenye vidole. Daktari anayejaza fomu ya P3 na hakimu anayepima ukubwa wa dhara hawawezi kubahatisha. Vivyo hivyo "ndugu", ambaye katika kesi ya urithi anaweza kuwa wa tumbo moja, binamu, au mtu wa ukoo tu. Mkalimani mwenye maadili haoni aibu kusema, "Mheshimiwa, neno hili lina maana zaidi ya moja, naomba shahidi aulizwe."

Vilevile haoni aibu kukataa kazi. Kenya ina lugha zaidi ya 40, na jina la kabila si hakikisho la lugha. Mbukusu na Mmaragoli wote ni Waluhya, lakini anayejua lugha ya mmoja hawezi kuapa kwamba anaijua ya mwingine. Katika kambi za Dadaab, baadhi ya Wasomali wa asili ya Kibantu huzungumza Kimaay, na mkalimani wa Kisomali cha kawaida anaweza kumpotosha mkimbizi kama huyo katika mahojiano yanayoamua kama atapewa hifadhi. Kukosa umahiri kulidhihirika mbele ya ulimwengu Desemba 10, 2013, huko Soweto, Afrika Kusini, mtu aliyesimama kando ya marais katika ibada ya kumkumbuka Nelson Mandela alipopunga mikono kwa ishara ambazo viziwi hawakuzielewa. Kule ilikuwa fedheha. Ndani ya chumba cha mahakama ingekuwa kifungo cha mtu.

Siri za wodini

Hospitalini hali ni tofauti kwa kuwa mara nyingi hakuna mkalimani rasmi. Mgonjwa mkongwe asiyejua Kiswahili huja na mjukuu, na mjukuu ndiye anayemwambia daktari yanayomsumbua bibi yake. Yako mambo ambayo bibi hawezi kuyatamka mbele ya mjukuu, na yako majibu ya daktari ambayo mjukuu hathubutu kuyafikisha. Mume anapomkalimania mkewe hatari huzidi, hasa ikiwa majeraha ya mke yalitoka kwa mume huyo huyo. Wengine huomba usaidizi wa mfagiaji au mlinzi wa lango, ambaye kesho yake atakutana na mgonjwa sokoni.

Sheria ya mwaka 2006 kuhusu virusi vya HIV na ile ya ulinzi wa data ya mwaka 2019 zimeziwekea habari za afya ulinzi mkali, na yeyote anayeyasikia mazungumzo ya daktari na mgonjwa kwa sababu ya kazi yake yafaa ajihesabu kuwa ndani ya ulinzi huo. Hana ruhusa ya kusimulia nyumbani, hata bila kutaja jina. Vijijini jina halihitajiki.

Tena kuna maneno yanayodanganya kwa kujulikana mno. Wakenya wengi wa bara wakisema "homa" humaanisha mafua. Kwa Mswahili wa Pwani homa ni joto la mwili. Mkalimani akilipitisha neno hilo bila kuuliza, daktari huenda akatafuta malaria kwa mtu mwenye kikohozi, au kinyume chake, jambo lililo baya zaidi.

Wafasiri wa maandishi wana mtihani wao. Vyeti vya kuzaliwa, vyeti vya ndoa na hati za kiapo huletwa vikiwa na makosa: tarehe mbili zisizolingana, au jina lililoandikwa Mohamed hapa na Muhammad pale. Mteja huomba, kwa upole na pengine kwa nyongeza ya ada, kwamba mfasiri "anyooshe" kidogo. Jibu ni hapana. Kosa la hati asili hufasiriwa likiwa kosa, na mfasiri akiona haja huandika kidokezo kwamba ndivyo lilivyokuwa. Akilinyoosha, sahihi yake inathibitisha hati ambayo haipo.

Wanaodai maadili hayo wanapaswa pia kutazama upande wa pili. Ilikuwa Nairobi, Novemba 1976, ambapo Mkutano Mkuu wa UNESCO ulipitisha mapendekezo kuhusu ulinzi wa wafasiri na tafsiri na namna ya kuiinua hadhi yao. Takriban miaka 50 baadaye, katika mahakama nyingi za mji huo huo na za mashambani, ukalimani bado ni kazi ya ziada ya karani.

Katika mikutano ya kimataifa wakalimani wa vibandani hufanya kazi wawili wawili na kupokezana kila baada ya nusu saa hivi, kwa maana akili ikichoka huanza kudondosha maneno. Karani wa mahakama ya mashambani hana wa kumpokea. Hutaja kesi, hutafuta faili, huapisha mashahidi, kisha hukalimani tangu saa tatu asubuhi hadi hakimu atakapoinuka. Maadili yanamtaka, akihisi hasikii tena vizuri, aiombe mahakama isimame kidogo. Na hakimu aliye na orodha ndefu mbele yake ndiye atakayesema kama itasimama.