Port Reitz: Uwanja wa Vita Kabla ya Watalii

Manowari za Uingereza zilizotia nanga Kilindini mwishoni mwa Aprili 1942 zilikuwa zimekimbia. Tarehe 5 mwezi huo ndege za Japani ziliishambulia Colombo. Tarehe 9 zikaigeukia Trincomalee na kuizamisha Hermes, meli ya kubeba ndege. Admirali James Somerville akaona heri kurudi nyuma kuliko kupoteza kundi zima. Basi Mombasa, bandari ya kahawa na magadi, ikageuka makao ya jeshi la majini la mashariki.

Meli ya kubeba ndege ina udhaifu wake: ikiwa imetia nanga, ndege zake haziruki, kwa kuwa zinategemea upepo wa mwendo wa meli. Kwa hiyo kabla ya kuingia bandarini ndege zilitangulizwa nchi kavu, na hapo ndipo ulipohitajika uwanja wa Port Reitz, upande wa bara, magharibi ya kisiwa. Waliojenga uwanja huo ni wahandisi wa jeshi la Afrika Kusini. Jina lenyewe ni la zamani zaidi: Luteni John James Reitz aliwekwa na Waingereza kuisimamia Mombasa mwaka 1824, akafa kwa homa mwaka huohuo. Wanamaji nao walikuwa na mtindo wao wa kubatiza vituo vya ndege: Kilindini kikaitwa Kipanga, Nairobi Korongo, Tanga Kilele.

Miongoni mwa ndege zilizoshushwa kutoka meli ya Illustrious zilikuwa Swordfish, na anayeiona picha yake leo husita kuamini kwamba ilikuwa silaha ya vita vile. Ilikuwa na mabawa mawili mawili yaliyofunikwa kitambaa na kufungwa kwa nyaya, watu watatu wameketi wazi juani na mvuani, topido moja ikining'inia tumboni. Mwendo wake haukuzidi sana kilomita 200 kwa saa. Hata hivyo Mei 1942 ndege za aina hiyo zilishiriki kuishambulia Diego Suarez, Madagaska, ili Wajapani wasije wakaitwaa bandari hiyo kutoka kwa Wafaransa wa Vichy.

Jirani tu, Kipevu, zilielea ndege za Catalina za jeshi la anga. Hizo zilitua majini, zikawa na vitanda na jiko dogo ndani, maana zamu moja ya kuwinda nyambizi iliweza kupita saa kumi na tano. Tarehe 20 Agosti 1943, kusini mwa Madagaska, Catalina za vikosi vya 259 na 265 ziliizamisha nyambizi ya Kijerumani U-197. Kikosi cha 259 kilikuwa kimeundwa hapohapo Kipevu miezi michache kabla.

Hadithi hii kwa kawaida husimuliwa na mabaharia, na huishia ufukweni. Ukweli ni kwamba vita vya pwani vililishwa na bara. Reli iliyofika Kitale mwaka 1926 ilikuwa imeshuhudia majeshi mapema: huko ndiko ilikokomea, na waliokuwa wakienda kuwakabili Waitalia upande wa Turkana walipanda malori kuelekea Lodwar. Mwaka 1942 serikali ya kikoloni iliruhusu Waafrika wachukuliwe kwa lazima kufanya kazi katika mashamba ya walowezi, na mahindi ya Trans Nzoia yakawa sehemu ya chakula cha vita. Bungoma nayo ilitoa vijana walioingia Keya, jeshi la Waafrika chini ya Waingereza, wengine kwa hiari, wengine kwa kusukumwa na machifu. Elijah Masinde, kiongozi wa Dini ya Msambwa aliyewahi kuichezea Kenya kandanda, alikuwa miongoni mwa waliokataa waziwazi watu wake wachukuliwe. Serikali ilimfunga, kisha ikampeleka Hospitali ya Mathari, kana kwamba kukataa vita vya watu wengine ni ugonjwa wa akili.

Askari waliofika Kilindini walipakiwa melini. Mapema Februari 1944 meli ya Khedive Ismail iling'oa nanga hapo kuelekea Colombo ikiwa na watu 1,511, wengi wao wa Kikosi cha 301 cha mizinga cha Afrika Mashariki. Tarehe 12, karibu na Maldivi, mbali mno na ndege za Kipevu, nyambizi ya Kijapani I-27 iliipiga kwa topido mbili. Meli ilizama kwa takriban dakika mbili. Waliokufa ni 1,297. Manowari za ulinzi, Petard na Paladin, ziliisaka nyambizi hiyo hadi zikaizamisha, zikitupa mabomu ya majini mahali palepale walipokuwa wakielea manusura. Ni moja ya misiba mikubwa kabisa ya majini kuwapata askari wa Afrika Mashariki.

Malindi ilionja vita kwa njia nyingine: ndege za Italia ziliupiga mabomu mji huo mwaka 1940. 

Vita vilipokwisha, Port Reitz haukufa kama vituo vingine vya wakati ule. Mwaka 1979 ulipanuliwa kuwa uwanja wa kimataifa, na leo ndio uwanja wa Moi, wenye njia ya kurukia ndege ya mita 3,350. Wanajeshi hawakuuacha moja kwa moja. Agosti 1992 ndege za C-130 za Marekani zilianza kupakia hapo chakula cha kupeleka Somalia na kaskazini mwa Kenya. Kisha asubuhi ya 28 Novemba 2002 makombora mawili yalirushwa kutoka nje ya uwanja kuilenga ndege ya abiria ya Kiisraeli ya kampuni ya Arkia iliyokuwa inapaa. Yalikosa, na ndege ikatua salama Tel Aviv. Asubuhi hiyohiyo bomu liliilipua hoteli ya Paradise huko Kikambala na kuua Waisraeli 3 na Wakenya 10, wakiwemo wachezaji ngoma waliokuwa wakiwapokea wageni waliotoka uwanjani.