Kondoo Nyuma ya Ng'ombe

Kilichomzuia kondoo wa wilaya za Tarime na Serengeti, Tanzania, asiwe mnyama wa biashara kubwa, kwa maoni yangu, ni mahari. Kwa Wakurya wa huko ng'ombe ndiye aliyeoza vijana, hivyo mfugaji aliuza au kubadilisha wanyama wadogo apate ndama. Kondoo akabaki wa mgeni, tambiko na dharura. Hata ugonjwa wa sotoka ulipoteketeza ng'ombe wa Afrika Mashariki miaka ya 1890, watu walijikusanyia ng'ombe upya.

Wapo wanaoilaumu Hifadhi ya Serengeti ya 1951 kwa kubana malisho. Iliyabana kweli, ila ng'ombe naye alibanwa na hakuachwa. Wala kondoo si dhaifu: yule mwekundu wa Kimasai, mwenye mkia uliojaa mafuta, huhimili minyoo kuliko kondoo wengi wa kigeni.