Papii: Kutoka Jangwani hadi Gelsenkirchen

Usiku wa Mei 26, 2004, fainali ya Ligi ya Mabingwa Ulaya ilikuwa imeingia kipindi cha pili mjini Gelsenkirchen, Ujerumani. Monaco walikuwa nyuma kwa bao 1-0 dhidi ya Porto ya Jose Mourinho. Kocha Didier Deschamps akamtoa kiungo wake Edouard Cissé, akamwingiza mshambuliaji. Huko Ulaya waliandika jina lake Shabani Nonda. Dar es Salaam alibaki Nonda Shabani, au kwa kifupi Papii, kijana aliyewahi kuvaa jezi ya kijani na njano ya Yanga.

Porto waliongeza mabao mawili, mechi ikaisha 3-0. Hata hivyo, safari iliyomfikisha pale ni ndefu, na sisi wa Afrika Mashariki tumeisimulia kidogo mno.

Alizaliwa Bujumbura mwaka 1977. Katikati ya miaka ya 1990 akatua Yanga, pale Jangwani, kisha akaenda Vaal Professionals ya Afrika Kusini. Ulaya aliingilia Uswisi, akiwa na FC Zürich. Mwaka 1998 Rennes wakamchukua, na miaka miwili baadaye Monaco, waliokuwa wamemuuza David Trezeguet kwa Juventus, wakamkabidhi kazi ya kufunga. Hakuruka ngazi hata moja. Kila klabu ilimpeleka kwenye nyingine iliyo kubwa kidogo, na kila mara ilimbidi aanze upya kwa makocha wasiomjua. Timu yake ya taifa ilikuwa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, na alikuwemo kikosini nchini Mali mwaka 2002 walipofika robo fainali ya Kombe la Mataifa ya Afrika.

Msimu wa 2002/03 ndio uliokuwa wake hasa. Alipachika mabao 26 na kuibuka mfungaji bora wa ligi kuu ya Ufaransa. Mabao 26! Kwa umri wa miaka 26, kilele kilionekana kuwa bado mbele yake.

Msimu mpya ulipoanza tu, goti likaharibika. Fernando Morientes akaja kwa mkopo kutoka Real Madrid na kuwa mfungaji bora wa Ligi ya Mabingwa msimu ule, huku Papii akiuguza mguu kwa miezi kadhaa. Sijui kama kuna adhabu nzito zaidi kwa mfumania nyavu kuliko hiyo: timu yako inapaa na wewe uko kwa madaktari.

Alirudi majira ya machipuko. Aprili 20, nusu fainali ya kwanza dhidi ya Chelsea, Monaco walibaki kumi uwanjani baada ya Akis Zikos kuonyeshwa kadi nyekundu matokeo yakiwa 1-1. Morientes akafunga la pili. Dakika ya 83, Papii, akiwa ametoka benchi, akafunga la tatu. Marudiano London yaliisha 2-2, kwa hiyo ushindi ule wa 3-1 ndio uliowavusha. Kwangu mimi, hilo ndilo bao kubwa kuliko yote aliyofunga, kuzidi yote 26 ya mwaka uliotangulia.

Baada ya hapo makali yalipungua, ila miguu haikutulia. Mwaka 2005 alikwenda Roma, kisha kwa mkopo Blackburn Rovers msimu wa 2006/07. Vijiweni tunasema, na ni haki, kwamba Mbwana Samatta ndiye Mtanzania wa kwanza kucheza Ligi Kuu ya England, mwaka 2020. Lakini miaka 13 kabla yake, mchezaji aliyepita Jangwani alikuwa tayari ametikisa nyavu za ligi hiyo, na ni wachache wanaomtaja.

Kituo chake kikubwa cha mwisho kilikuwa Galatasaray. Aprili 2008, mbio za ubingwa wa Uturuki zikiwa ukingoni, walikutana na mahasimu wao Fenerbahçe mjini Istanbul. Ilikuwa ni Simba na Yanga yao. Mechi iliisha 1-0, mfungaji akiwa Papii, na kombe la msimu ule likaenda Galatasaray.